Jackie Chan: Mwili uliowekwa rehani

Usiku mmoja wa mwaka 1985, ndani ya jengo la maduka la Wing On huko Tsim Sha Tsui Mashariki, Hong Kong, kijana wa miaka 31 alikuwa amesimama ukingoni mwa ghorofa akiikodolea macho nguzo ndefu ya chuma iliyosimama mbele yake katikati ya uwazi wa jengo. Nguzo ilikuwa imezungushiwa taa za mapambo kuanzia juu mpaka chini. Kazi yake ilikuwa kuirukia, kuikumbatia na kuserereka nayo huku balbu zikimpasukia mikononi na kifuani, kisha kuangukia paa la kioo la kibanda kilichokuwa chini na kulipasua kwa uzito wake. Hakufungwa kamba yoyote.

Wapiga picha walikuwa na usiku tu wa kufanyia kazi, kwa kuwa asubuhi maduka yalifunguliwa kwa wateja. Taa zile zilitakiwa zipewe umeme mdogo wa betri, lakini mtu mmoja aliziunganisha na umeme wa kawaida wa jengo. Jackie Chan alipiga ukelele, akaruka. Alipofika chini ngozi ya viganja vyake ilikuwa imeungua, uti wa mgongo umeumia na nyonga imeteguka. Akainuka palepale akaendelea na kazi, maana steringi alikuwa bado hajamtia adui mkononi.

Tukio hilo limo mwishoni mwa Police Story, na katika uhariri lilirudiwa mara 3 mfululizo, kila mara kamera ikiwa upande mwingine, ili mtazamaji asiwe na shaka kwamba aliyeruka ni yeye. Sinema hiyo ilitwaa tuzo ya filamu bora ya Hong Kong mwaka uliofuata. Watu wengi wanalikumbuka ruko lile. Wachache wanawakumbuka vijana waliokuwa wakirushwa kwenye vioo usiku uleule, vioo ambavyo vilitengenezwa vinene kuliko ilivyo kawaida ya sinema ili vikivunjika vionekane kweli vimevunjika. Wenyewe kwa wenyewe waliibatiza sinema ile "Hadithi ya Vioo". Mwanzoni mwa sinema hiyohiyo kuna basi la ghorofa linalofunga breki ghafla mbele ya Jackie, na majambazi wanachomoka kupitia vioo vya mbele vya ghorofa ya juu. Walitakiwa waangukie paa la gari lililoegeshwa mbele ya basi. Walilikosa, wakatua kwenye lami. Walioumia siku ile waliumia kweli, na kipande kile hakikutupwa. Ndicho tunachokitazama hadi leo.

Ukitaka kumwelewa mtu huyu, usianze na idadi ya sinema wala tuzo. Anza na swali dogo ambalo mama yeyote angeuliza: akivunjika, nani analipa? Mwenye mwili ni nani, na mwenye faida ni nani? Nimetazama kazi zake tangu enzi za kanda za VHS, na ninaamini maisha yake yote yamekuwa safari ya kujikomboa kutoka kwenye rehani moja kuingia nyingine, mpaka siku ambayo yeye mwenyewe akawa ndiye anayeshika karatasi.

Alizaliwa Hong Kong tarehe 7 Aprili 1954, akapewa jina la Chan Kong-sang. Wazazi wake, Charles na Lee-Lee, walikuwa wakimbizi kutoka China bara waliofanya kazi katika makazi ya balozi mdogo wa Ufaransa kule kilimani Victoria Peak, baba mpishi, mama mtumishi wa nyumbani. Inasimuliwa katika familia, na yeye ameiandika katika kitabu cha maisha yake, kwamba alizaliwa mkubwa kupita kiasi, mama akapasuliwa, na baba akakosa fedha za kulipa hospitali. Daktari Mwingereza akajitolea kufuta deni na kuongeza fedha juu yake, mradi amchukue mtoto amlee. Baba alikwenda kwa marafiki, akakopa huku na kule, akamkomboa mwanawe.

Shule ilimshinda. Alirudishwa darasa la kwanza, akawa mtoto wa kupigana na kutoroka. Ndipo baba yake alipopata kazi ya upishi katika ubalozi wa Marekani mjini Canberra, Australia. Mtoto angeachwa wapi? Akiwa na miaka 7 alipelekwa kwa mwalimu Yu Jim-yuen, aliyekuwa na chuo cha opera ya Beijing kwenye barabara ya Nathan, Kowloon. Mtoto alitembezwa, akaona wenzake wakiruka sarakasi na kucheza na panga na mikuki, akadhani amefika peponi. Baba alisaini mkataba wa miaka 10.

Mikataba ya namna ile ilikuwa jambo la kawaida katika ulimwengu wa opera ya Kichina. Mwalimu alimlisha mtoto, akamvisha, akamlaza na kumfundisha bila ada. Kwa upande wake mtoto alikuwa mali ya chuo: kila senti aliyolipwa jukwaani au kwenye sinema iliingia mfukoni mwa mwalimu mpaka mkataba uishe. Na mwalimu alikuwa na ruhusa ya kumpiga. Jackie amesimulia mara nyingi kwamba mkataba wake uliruhusu adhabu hata ile ya kumtoa mtu roho.

Siku ilianza alfajiri saa 11 na kuisha karibu na usiku wa manane. Watoto walisimama kwa mikono, miguu ikiegemea ukuta, nusu saa na zaidi. Aliyeyumba alichapwa kwa fimbo, na mara nyingine mmoja akikosea walichapwa wote. Walijifunza mateke, panga, kuimba, kujipaka rangi za uso, kuanguka kwa mgongo, kuanguka kwa ubavu, kuanguka kwa kichwa. Walilala sakafuni wamebanana. Kusoma na kuandika kulipewa nafasi finyu sana, na jambo hilo lilikuja kumgharimu: mtu aliyesaini mikataba ya mamilioni amekiri kwamba kalamu ilimsumbua ukubwani, hata akawa anaona haya kuandika mbele ya watu.

Ninajua wapo watakaosema fimbo ile ndiyo iliyomtengeneza. Yeye mwenyewe amewahi kumshukuru mwalimu wake hadharani, na mwalimu alipofariki mwaka 1997 alimlilia kama mzazi. Mimi sikubali. Kilichowatengeneza watoto wale ni kwamba walikuwa pamoja, saa kwa saa, kwa miaka, na mkubwa wao akiwavuta wadogo. Mkubwa huyo alikuwa Sammo Hung, mnene, mwepesi kama paka, ambaye baadaye alikuwa mwongozaji mahiri na mwaka 1988 akaigiza kama mwalimu Yu katika sinema ya Painted Faces. Mdogo wao alikuwa Yuen Biao. Walikuwapo pia Corey Yuen na Yuen Wah. Wengi wao walichukua jina la Yuen kwa heshima ya mwalimu. Jackie aliitwa Yuen Lo. Chuo kimoja kidogo kilizaa watu kadhaa waliokuja kuibeba sinema ya mapigano ya Hong Kong, wakati opera yenyewe waliyofunzwa ilikuwa imekwisha kufa. Walipomaliza mkataba, mwanzoni mwa miaka ya 1970, hapakuwa na jukwaa la kuwapokea. Kilichobaki ni miili yenye uwezo wa kuanguka bila kufa, na studio za sinema zilizohitaji miili ya namna hiyo kwa ujira wa siku.

Tazama Fist of Fury ya mwaka 1972 kwa makini. Mwishoni Bruce Lee anampiga adui mkuu teke la hewani, naye anapaa kinyumenyume, anapasua mlango na kutua uani. Yule anayepaa si mwigizaji wa Kijapani aliyecheza nafasi hiyo. Ni Jackie, mwenye miaka 17 au 18, uso wake hauonekani, jina lake halijulikani. Mwaka uliofuata alionekana tena katika Enter the Dragon, mmoja wa walinzi wanaomvamia Bruce Lee chini ya ardhi. Fimbo ya Bruce ilimpata kweli kichwani. Jackie amesimulia kwamba kamera ilipozimwa Bruce alimkimbilia kumwomba radhi, naye akajifanya ameumia zaidi ya alivyoumia ili tu mtu yule aendelee kumshika.

Julai 1973 Bruce Lee alifariki akiwa na miaka 32, na biashara nzima ikayumba. Jackie hakuwa na kazi. Alikwenda Canberra kwa wazazi wake, akafanya kazi ya ujenzi pamoja na mgahawani. Pale kwenye ujenzi msimamizi aliyeitwa Jack alishindwa kulitamka jina lake la Kichina, akamwita Jack mdogo, na jina likageuka Jackie. Angeweza kuishia hapo, fundi saidizi mwenye misuli mizuri na hadithi za utotoni. Mwaka 1976 ikafika simu ya maandishi kutoka kwa Willie Chan, Mmalaysia aliyekuwa akifanya kazi kwa mwongozaji Lo Wei. Lo Wei ndiye aliyeongoza The Big Boss na Fist of Fury, na alikuwa akitafuta Bruce Lee mwingine.

Akasaini tena. Akapewa jina jipya la kisanii, Sing Lung, lenye joka ndani yake kama lile la Bruce. Akafanyiwa upasuaji wa kope. Sinema ya kwanza ikaitwa New Fist of Fury, watu wasije wakakosa kuelewa. Zilifuata nyingine kadhaa, karibu zote zikaanguka sokoni. Lo Wei alimtaka awe mkali, anayekunja uso na kulipiza kisasi, na mwili ule haukuwa na kisasi ndani yake. Ulikuwa umezoea kuanguka.

Mwaka 1978 Lo Wei alimkodisha kwa mtayarishaji mwingine, Ng See-yuen, kama mtu anavyokodisha trekta lisilokuwa na kazi shambani kwake. Huko alikutana na mwongozaji Yuen Woo-ping, naye mtoto wa opera. Wakatengeneza sinema mbili ndani ya mwaka mmoja, Snake in the Eagle's Shadow na Drunken Master. Ndani yake steringi ni mvivu, anapigwa, analia, anafundishwa kwa mateso na mzee mlevi, na anapopiga ngumi anaukung'uta mkono kwa maumivu. Bruce alirusha teke juu, Jackie akarusha chini. Bruce hakuogopa, Jackie aliogopa na akakimbia kwanza. Watu walijaa kwenye majumba ya sinema Asia nzima. Kijana wa miaka 24 akawa nyota, na nyota bado alikuwa mali ya Lo Wei.

Hapa ndipo mambo yalipomkalia vibaya. Kampuni ya Golden Harvest, ya Raymond Chow na Leonard Ho, ilimpa ofa ya mamilioni ya dola za Hong Kong. Lo Wei akashikilia mkataba wake, na watu wa magenge wakaingia katikati. Jackie alipelekwa Marekani, ambako mwaka 1980 alicheza The Big Brawl bila mafanikio. Aliyesuluhisha ugomvi ni mwigizaji Jimmy Wang Yu, na fadhila hiyo haikuwa ya bure: Jackie aliilipa kwa kumchezea sinema ambazo kwa hiari yake asingezigusa, ikiwamo Fantasy Mission Force na, miaka mingi baadaye, Island of Fire. Lo Wei naye aliimalizia sinema waliyoiacha njiani kwa kutumia watu waliofanana na Jackie, akaiuza kwa jina lake.

Golden Harvest ilimpa kitu ambacho hakuwahi kuwa nacho: muda. Aliongoza mwenyewe, akapiga picha ya kitendo kimoja tena na tena mpaka kikae sawa, mara nyingine kwa siku nyingi. Alikuwa amezitazama kazi za Buster Keaton na Harold Lloyd, wachekeshaji wa sinema zisizo na sauti, na mwaka 1983 katika Project A alining'inia kwenye mshale wa saa ya mnara kama Lloyd. Tofauti ni kwamba yeye aliachia. Alianguka akipita kwenye vitambaa viwili vya kukinga jua, akafikia ardhini kwa kichwa na shingo. Alirudia. Ndani ya sinema tunaona anguko zaidi ya moja, na baada ya kila moja anainuka na kusema maneno yake.

Ni katika miaka hiyo alipounda kikosi chake cha waigizaji wa matukio ya hatari. Baada ya Police Story hali ilikuwa imefika pabaya: majeruhi walikuwa wengi mno, na kampuni za bima hazikutaka tena kulisikia jina lake wala la watu wake. Mwajiri mwingine angepunguza hatari. Yeye akaamua kuibeba bima mwenyewe. Waliojiunga naye aliwafundisha, aliwapa kazi ya kudumu badala ya kibarua cha siku, na walipoumia alilipa hospitali kutoka mfukoni mwake. Ukisoma orodha ya biashara zake utakuta kampuni nyingi kubwa kuliko hiyo, lakini kwangu hiyo ndiyo ya kwanza na ndiyo ya maana kuliko zote. Mtoto aliyekuwa rehani sasa alikuwa mwajiri, na jambo la kwanza alilolitengeneza ni lile ambalo hakuwahi kufanyiwa. Si kwamba alikuwa mwajiri mpole. Watu waliofanya naye kazi wamesimulia hasira zake, na hatari haikupungua hata kidogo. Lakini bili ilikuwa na mwenyewe.

Bili kubwa kuliko zote ilikuja kuwa yake. Mwaka 1986, Yugoslavia, walikuwa wakitengeneza Armour of God. Ruko lilikuwa dogo kwa kipimo chake: kutoka ukutani kwenda kwenye tawi la mti. Mara ya kwanza lilikwenda vizuri. Hakuridhika, akarudia, tawi likavunjika, kichwa kikagonga jiwe. Fuvu lilipasuka, kipande cha mfupa kikaingia ndani, damu ikatoka sikioni. Alifanyiwa upasuaji hukohuko. Mpaka leo ana tundu lililozibwa kichwani, na sikio moja halisikii vizuri. Sinema iliisha baadaye, na ukiitazama utamwona mwanzoni ana nywele fupi, kisha ndefu, kwa sababu alipopona hakutaka tena kuzikata.

Kuna jambo alilolichukua Marekani alipocheza kwenye Cannonball Run mwaka 1981: kuonyesha vipande vilivyoharibika mwishoni, wakati majina yanapita. Wamarekani walionyesha vichekesho, mwigizaji amesahau maneno na kucheka. Jackie akaweka machela. Kwenye vibanda vya video vya Dar es Salaam, Mombasa na Kampala, ambako Lufufu, DJ Afro na wenzao walitia maneno yao juu ya sinema hizi, kila mtu alijua kanuni kwamba steringi hafi. Kwa Jackie watu walibaki vitini majina yakipita, wakimwona steringi huyohuyo akibebwa, akivuja damu, akifungwa mguu. Mwaka 1995 katika Rumble in the Bronx alivunjika kifundo cha mguu, akamaliza kazi akiwa amevalishwa juu ya plasta soksi iliyopakwa rangi ifanane na kiatu. Hata hilo lilionyeshwa. Hakuna mtangazaji wa biashara ambaye angebuni tangazo bora zaidi: bidhaa ni ya kweli, na hii hapa risiti.

Rumble in the Bronx, iliyopigwa Vancouver, ndiyo iliyomfungulia Marekani Februari 1996 ilipoingia namba moja. Rush Hour na Chris Tucker ikafuata mwaka 1998, kisha Shanghai Noon. Habari ya Hollywood inajulikana na sioni haja ya kukaa nayo. Ilimlipa fedha nyingi, ikamfanya jina la kila nyumba, na ikamnyima kile kitu alichopewa na Golden Harvest. Ratiba ilikuwa ya wengine, na mawakili wa bima walisimama nyuma ya kamera.

Fedha zile alizifanyia nini? Alizitawanya. Mwaka 1988 alianzisha mfuko wake wa hisani. Alikuwa na kampuni za kutayarisha sinema, na miaka ya mwanzo ya 2000 akaingia ubia na kundi la Emperor. Alikuwa na nguo zenye jina lake, migahawa na vilabu vya mazoezi. Magari ya Mitsubishi yalionekana kwenye sinema zake kwa miaka mingi, na mwaka 2005 kampuni hiyo ikatoa toleo maalumu la Lancer Evolution lenye jina lake, magari 50 tu. Mwaka 2010 jumba la sinema lenye jina lake lilifunguliwa Beijing, likiwa na skrini 17, wakati China ikijenga majumba ya sinema kwa kasi isiyowahi kuonekana. Mwaka 2017 timu ya mbio za magari aliyoimiliki kwa ubia na dereva David Cheng ilishinda daraja la LMP2 katika mashindano ya saa 24 ya Le Mans, na gari lake likamaliza la pili kati ya magari yote, nyuma ya Porsche ya daraja la juu. Mwaka 2016 jarida la Forbes lilimweka wa pili duniani kwa kipato miongoni mwa waigizaji wa kiume, dola milioni 61, nyuma ya Dwayne Johnson. Mwaka huohuo, Novemba, akapewa Oscar ya heshima.

Ukizitazama biashara hizo utaona nyingi hazikuwa ujuzi wake. Hakuwa mshonaji wala mpishi. Aliyekuwa akinunuliwa ni yeye, uso na jina, na hapo alikuwa hodari kuliko nyota wote wa rika lake kwa sababu moja: Willie Chan, yule aliyemwita kutoka Canberra, alisimama naye kama meneja kwa miongo kadhaa na kuisoma mikataba ambayo Jackie alisumbuka kuisoma. Willie alifariki mwaka 2017. Wasanii wetu wengi wana sauti, wana miguu, wana sura. Wanachokosa ni Willie.

Jina kuwa bidhaa kuna bei yake. Alipoanza kutegemea soko la China bara, maneno yake yalianza kuelekea huko. Mwaka 2009, kwenye kongamano la Boao, alitilia shaka kama uhuru mwingi ni jambo jema na kusema Wachina wanahitaji kudhibitiwa. Mwaka 2013 aliingia katika baraza la ushauri wa kisiasa la China. Hong Kong, mji uliomjazia majumba ya sinema alipokuwa hana kitu, wengi walihisi amewageuka, na mimi nawaelewa. Mtu aliyelelewa chini ya fimbo asiyoruhusiwa kuihoji alipata nafasi ya kusema jambo kuhusu fimbo, akaitetea.

Nyumbani nako hakukuwa shwari. Alimuoa mwigizaji wa Taiwan, Joan Lin, mwaka 1982 mjini Los Angeles, na ndoa ile ikafichwa kwa miaka mingi kwa kuwa wapenzi wa sinema zake, hasa Japani, hawakutaka kusikia ana mke. Mtoto wao, Jaycee, alizaliwa mwezi uleule wa ndoa na kukua na baba wa kwenye skrini. Baadaye Jackie alizaa binti nje ya ndoa, akasema amefanya kosa ambalo wanaume wengi hulifanya, na malezi ya mtoto yule akayaacha kwa mama yake. Kwa kweli kauli ile ilikuwa nyepesi mno kwa uzito wa jambo lenyewe. Mwaka 2014 Jaycee alikamatwa Beijing kwa dawa za kulevya na kufungwa miezi 6, baba yake akiwa ni balozi wa mapambano dhidi ya dawa hizohizo. Jackie aliomba radhi kwa umma. Katika kitabu chake cha pili ameandika wazi kwamba alikuwa baba mbaya, mlevi na mfujaji, na kwamba aliwahi kumrusha mwanawe akiwa mdogo kwa mkono mmoja hadi kwenye kochi. Kuhusu urithi alishasema zamani: mwanangu akiwa na uwezo atatafuta zake, akiwa hana atazimaliza zangu bure, kwa hiyo mali itakwenda kwenye hisani.

Yeye pia aligundua ukubwani kwamba hakumfahamu baba yake. Katika sinema ya kumbukumbu iliyotolewa mwaka 2003, Traces of the Dragon ya mwongozaji Mabel Cheung, mzee Charles anasimulia kwamba jina la ukoo si Chan bali Fang, kwamba alikuwa jasusi wa upande wa Wazalendo ulioshindwa vitani, na kwamba yeye na mkewe kila mmoja aliacha watoto China bara. Yule mpishi aliyesaini mkataba wa miaka 10 alikuwa mtu anayekimbia, akifanya hesabu za mkimbizi: mtoto atakula wapi, atalala wapi, nani atamtia adabu. Nikiisoma sahihi ile sasa naiona tofauti, ingawa fimbo haijawa laini kwa sababu hiyo.

Sehemu ya mali yake iko katika kitu ambacho hakina faida yoyote ya soko: nyumba za kale za mbao kutoka mkoa wa Anhui, ambazo alizinunua, akazibomoa kipande kwa kipande, akazihifadhi. Mwanzoni aliziwaza kwa ajili ya wazazi wake, lakini mama alifariki mwaka 2002 na baba mwaka 2008. Majengo manne alikipa chuo kikuu cha teknolojia na usanifu cha Singapore, ambako wanafunzi wanasoma namna mafundi wa zamani walivyounganisha mihimili.

Mwaka 2023, akiwa na miaka 69, alionekana katika Ride On ya mwongozaji Larry Yang. Ni habari ya mzee aliyekuwa mwigizaji wa matukio ya hatari, sasa hana kazi, anaishi na farasi aliyemfundisha kuruka. Katikati ya sinema mzee anaonyeshwa vipande vya maruko yake ya zamani, na vipande hivyo ni vya Jackie mwenyewe: nguzo ya taa, mnara wa saa na vingine. Wengi wameizungumza sehemu hiyo. Mimi nilinaswa zaidi na kisa chenyewe. Farasi anataka kuchukuliwa kwa deni ambalo si la mzee wala la farasi, ni la kampuni ya mtu mwingine, na mzee hajui hata karatasi zile zinasema nini. Anamkimbilia binti yake aliyetengana naye miaka mingi, asiyetaka hata kumwona. Binti anasoma sheria.